Mmea Usiotaka Kuombwa

Mdogo wangu wa kike alibuni nchi akiwa amefungwa kwenye mashine. Hakuipa jina. Aliiita Kule tu, kama mtu anayeelekeza kwa kidevu, na ukimwuliza Kule ni wapi alikujibu, "Si kule." Alikuwa darasa la sita, au tuseme angekuwa darasa la sita kama hangekosa masomo kila Jumatatu na Alhamisi. Hizo ndizo siku ambazo mimi na yeye tuliondoka nyumbani, karibu na Laare, tukaenda Meru mjini ili damu yake isafishwe, kwa sababu mafigo yake yalikuwa yameacha kuisafisha.

Kumpeleka ilikuwa kazi yangu. Baba alikuwa na miraa ya kuchuma na Mama alikuwa na ng'ombe na soko. Mimi nilikuwa na shahada na muda. Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu, nimetuma maombi ya kazi mpaka nikaacha kusubiri majibu, na nilikuwa nimerudi kwenye chumba changu cha zamani, ambako nililala nikifikiria kila neno nililowahi kumwambia mtu vibaya. Kwa hiyo mtu wa kukaa kando ya mashine kwa saa nyingi bila kufanya chochote alikuwa anapatikana.

Alikuwa ameruhusiwa kunywa kikombe kidogo cha maji kwa siku, si zaidi, kwa sababu maji hayakuwa na pa kutokea mwilini. Ndiyo maana Kule mvua haikunyesha. Ilipanda. Ilitoka ardhini ikaenda juu, na watu wakashiba maji kwa kuyatazama yakipita. Mambo mengi ya Kule yalikuwa ya namna hiyo, nami niliyasikiliza kwa nusu sikio, hadi siku aliponiambia habari za mmea.

Katika kila kilima cha Kule kulikuwa na mmea mmoja peke yake. Majani yake yalikuwa ya rangi ya majivu, na ukiyagusa yalikuwa na joto, kama mahali kuku alipokuwa ameatamia ukamwondoa sasa hivi. Ulikuwa na ua moja, jekundu kama ncha changa za miraa ya Baba, lenye shimo katikati. Mtu aliingiza kidole kwenye shimo hilo na ua likavuta kila kisichotakiwa ndani yake: homa, sumu ya damu, ugomvi wa jana, hata wimbo uliokwama kichwani. Mmea ulikifanya mbolea yake. Haukuuma wala haukuacha kovu.

"Hauna sindano," alisema, akitazama mkono wake. "Na hakuna foleni."

"Kwa nini hakuna foleni? Kilima kizima, mmea mmoja?"

"Kwa sababu ukienda ukiutaka, unafunga."

Hiyo ndiyo ilikuwa sheria. Mmea haukupenda kuombwa. Mtu aliyeukaribia huku akitamani kupona aliona ua likijikunja kama ngumi, na likishajikunja lilikaa hivyo mpaka aende zake. Wenye maumivu walilazimika kuupita kama watu wenye shughuli nyingine. Mwanamke mwenye jino bovu angepita akibishana na jirani juu ya mbuzi, na katikati ya ubishi kidole chake kingeingia kwenye ua kabla hata yeye mwenyewe hajakumbuka jino.

Mimi ni mtu wa maswali. Nikiambiwa mlango umefungwa nitauliza umefungwa na nani, na kama alifurahi kuufunga. Kwa hiyo nilianza.

"Na mtu akijifanya hautaki?"

"Unamjua kwa miguu. Anayetaka anakanyaga kwa uzito."

"Na mtoto mchanga?"

"Mtoto mchanga anataka maziwa. Anapita tu."

"Na mtu akienda kwa ajili ya mwingine? Yeye mwenyewe haumwi, anamtakia mgonjwa wake?"

Mashine ilizungusha damu yake kwenye mirija, nyekundu ikienda, nyekundu ikirudi. Nilidhani amelala.

"Huyo ndiye mbaya kabisa," alisema mwishowe. "Anakanyaga kwa uzito wa watu wawili."

Wakati huo hatukuwa tumepimwa bado. Daktari, mwanamke mpole wa huku huku Meru, alikuwa ametueleza kwamba mashine ni ya kungojea tu, na kwamba mtoto angeweza kuishi maisha ya kawaida kama mtu wa familia angempa figo moja. Baba alijitolea wa kwanza, wakampata na sukari. Mama akafuata, damu yake ikakataa kupatana na ya mwanawe mwenyewe, jambo alilolipokea kana kwamba ametukanwa. Nikabaki mimi.

Mimi nilipatana naye. Damu ilikubali, vipimo vingine vikakubali, na daktari alinitazama kwa uso wa mtu anayeleta habari njema. Nadhani hiyo ndiyo siku pekee maishani niliyokuwa na faida isiyo na shaka. Nilirudi nyumbani nikijishika ubavu njia nzima, kama mtu aliyebeba mayai.

Kisha nesi akanipima presha. Ilikuwa juu. Akaniambia nikae kidogo, nitulie, atapima tena. Mtu akiniambia nitulie ninaanza kujichunguza kama nimetulia, na nikijichunguza ninasikia moyo, na nikisikia moyo najua nesi naye ataukuta hivyo. Alipima tena. Ilikuwa juu zaidi.

"Wengine huogopa koti letu jeupe," daktari alisema. "Tutakupa mashine ndogo uvae nyumbani, mchana na usiku. Itajipima yenyewe. Endelea na maisha yako kama kawaida."

Mashine ile ilikuwa mkanda wa mkononi na kijisanduku cha kiunoni. Kila baada ya muda mkanda ulijaa upepo, ukanibana, ukapumua, ukaniachilia. Nilifika nayo nyumbani na sikujua kawaida yangu ni ipi. Nikae? Nitembee? Nikitembea wataona natembea?

Jioni Baba alikuja chumbani kwangu akiwa na kitu kilichofungwa kwa majani ya mgomba. Nilikijua kabla hajakifungua. Kwetu kuna miti ya miraa tunayoiita mbaine, mizee, iliyopandwa na watu ambao hata babu yangu hakuwaona. Machipukizi yake hayaendi kwa wanunuzi wa Laare wanaokuja na pikipiki. Baba huyachuma mtu anapoenda kuposa, au wazee wanapokuja kusuluhisha jambo, au mtu wa nyumbani anapotumwa kazi nzito. Alikuwa ameyapanga kwa urefu na kuyafunga kwa ukamba wa mgomba, vizuri, kama anayemfunga mtoto kitambaa cha kichwa.

"Unaenda kufanya jambo ambalo mimi nimeshindwa," alisema. "Siwezi kukuacha uende hivi hivi."

Mimi si mlaji wa miraa. Lakini kulikataa furushi lile kungekuwa kumwambia baba yangu kwamba sitaki baraka zake, naye alikuwa hana kingine cha kutoa. Tulikaa kwenye vigoda, tukatafuna pamoja. Alianza kuongea. Alinisimulia siku mdogo wangu alipozaliwa, jinsi alivyotoka akiwa kimya hadi mkunga akamfinya. Kila mkanda ulipoanza kujaa kwenye mkono wangu, Baba alikatiza maneno na kuinamisha kichwa, kama mtu aliyekuta wengine wakiomba. Ukiisha kupumua, aliendelea pale pale alipoachia.

Nilipoirudisha mashine hospitalini daktari alitazama matokeo, akanitazama.

"Siku hiyo ulikula nini?"

"Githeri. Chai. Na miraa."

"Miraa? Na mashine iko mkononi?"

"Ilikuwa ya mbaine," nilisema, kana kwamba hilo lingesaidia.

Alishika kichwa. "Nani alikupa?"

"Baba."

Alikuwa mtoto wa mkulima wa miraa, alituambia mara ya kwanza tulipokutana. "Haya," alisema, "hungekataa. Lakini miraa inapandisha presha hata ya ng'ombe. Kaa wiki kadhaa bila hata jani moja, kisha tupime upya."

Sijawahi kuona nyumba ikifurahia kosa kama yetu ilivyofurahia lile. Baba alikuwa wa kwanza.

"Kwa hiyo ni mimi!" alisema, akijipiga kifua. "Ni mimi niliyeharibu. Hiyo ni rahisi. Naacha hata mimi, isiwe karibu naye." Na kweli aliacha, akawa analala mara tu giza linapoingia, akikoroma na chakula kikiwa bado jikoni. Mama alicheka kwa mara ya kwanza baada ya miezi. Mdogo wangu alisema, "Nyinyi watu wa Laare mtaua watu na heshima yenu," kama vile yeye alikuwa wa kwingine.

Iliamuliwa niende Embu, kwa shangazi yangu aliyeolewa Kanja, nikapumzike mbali na miraa na mashine. Jambo la kwanza aliloniambia shangazi ni, "Baba, umekonda." Ananiita baba kwa sababu nilipewa jina la baba yake mzazi, na katika akili yake mimi ni yule mzee aliyerudi, kwa hiyo huniheshimu na kunigombeza kwa pamoja.

"Huku hakuna kufikiria," alisema. "Huku ni chai na ng'ombe. Ukifikiria nitakuona."

Tulichuma chai tangu asubuhi. Vidole viwili, majani mawili na chipukizi, tupa kapuni mgongoni. Ukungu ulishuka ukatufunika hadi nikawa namsikia shangazi bila kumwona.

"Baba!"

"Naam, shangazi."

"Unafikiria."

"Sifikirii."

"Kapu lako silisikii. Mtu asiyefikiria kapu lake linalia."

Jioni nilipiga simu nyumbani. Mdogo wangu alitaka kujua kama nimejipima. Nikamwambia sijapima.

"Usipime. Ukipima inajua."

"Kule wanafanyaje? Wale wapitaji. Wanajifunza vipi kutotaka?"

"Hawajifunzi. Wanasahau tu."

"Sasa mimi nitasahau vipi?"

"Mimi sijui. Mimi ni mgonjwa, sio mwalimu wako." Kisha akasema, kwa sauti nyingine, "Leo miguu imefura. Viatu vimekataa."

Sikulala vizuri usiku huo. Kesho yake kwenye chai nilijaribu kwa bidii. Nilijiambia sitaki, sitaki, kwa kila chipukizi, na nikagundua kwamba natamani kutotaka kwa nguvu zangu zote, na kwamba mtu yeyote mwenye masikio angenisikia nikikanyaga kutoka kilima cha pili. Najua mmea ule haupo. Kila siku nilijua haupo. Lakini nilikuwa nimeshindwa kupata maelezo mengine ya mwili wangu yaliyo sahihi kuliko yake. Nilichotakiwa kufanya ili nimpe figo ni kuacha kujali kama nitampa.

Siku ya kuvaa mashine mara ya pili ilipofika niliichukua hospitalini, nikarudi nayo Kanja. Shangazi alikuwa amejiandaa. Alizima redio. Alimfunika jogoo kwa kapu la chai. Aliwaonya majirani wasinisalimie kwa sauti, na mmoja aliyekuja kuazima jembe aliongea naye kwa ishara uani, wote wawili wamekunja migongo. Boma zima lilitembea kwa ncha za vidole kwa ajili yangu. Nilikaa kwenye kiti katikati ya utulivu huo nikasikia mkanda ukijaa. Sijawahi kukaa mahali penye kelele kama pale.

"Baba, ingia ulale," shangazi alinong'ona. "Ukilala haitakupata."

Nililala. Nililala kweli, hata nikaota kitu ambacho sikukikumbuka.

Daktari alinifungulia matokeo mezani akanionyesha kwa kalamu. Mchana ilikuwa juu. Usiku pia ilikuwa juu, katikati ya usingizi, saa ambazo sikuwepo kuogopa.

"Si koti jeupe," alisema. "Na si miraa. Hii ni presha yako."

"Nikinywa dawa?"

"Utakunywa dawa, kuanzia leo. Lakini nikikutoa figo moja katika umri huu na presha hii, nitakuwa ninatengeneza mgonjwa wa pili. Kamati ya hospitali haitakubali. Na mimi sitaiomba ikubali."

Nilikuwa na hoja nyingi. Nilizitoa zote, nyingine mara mbili. Alizisikiliza hadi mwisho, na hilo lilinionyesha kwamba hakuna iliyokaribia kumshawishi. Nilitoka na karatasi ya vidonge vyangu. Nilikuwa nimeingia kutoa figo nikatoka na ugonjwa.

Baba nilimkuta akipogoa. Alishuka mtini aliponiona nimesimama chini.

"Bado iko juu," nilisema.

"Kwa hiyo si zile miraa."

"Si zile, Baba."

Alisafisha panga kwa majani, upande mmoja, kisha mwingine. "Afadhali zingekuwa zile," alisema. Alipanda tena, nikasikia matawi yakikatika muda mrefu, mengi kuliko yaliyohitaji kukatwa. Jioni alikula miraa. Hakuna aliyemsema.

Mama aliniambia nile. Aliniambia si kosa langu, kisha akaniuliza, polepole, kama kulikuwa na kitu nilichokuwa nawaza sana, kitu ambacho ningeweza kukiacha. Nilimwambia nitajaribu.

Mdogo wangu alikuwa kitandani, miguu juu ya mito.

"Nilijua," alisema kabla sijakaa.

"Ulijuaje?"

"Ingekuwa sawa ungenipigia ukiwa bado hospitali. Ungepiga hadi simu iungue."

Nilikaa. Alinipisha nafasi kwa goti. Nilitaka kumwomba msamaha lakini nilijua ataniuliza wa nini, na jibu lolote lingemlazimu yeye kunibembeleza mimi. Kwa hiyo nikasema kitu cha kijinga.

"Badilisha ile sheria."

"Ipi?"

"Ya mmea. Sema siku moja kwa mwaka unafunguka kwa kila mtu. Au sema mtu anaweza kuiba jani."

"Siwezi."

"Ni wewe uliyeitunga."

"Ndiyo," alisema. "Lakini sasa iko." Alinitazama kwa huruma kidogo, jinsi unavyomtazama mtu mzima asiyejua kuvuka barabara. "Ukibadilisha, si utakuwa mmea mwingine? Huo mwingine sijui unakaa wapi."

Alhamisi tulienda Meru kama kawaida. Nesi mgeni alikuwa zamu, kijana mchangamfu, akamwuliza wakati anafunga mirija kama ameshapata mtu wa kumpa figo.

"Tulikuwa na mmoja," mdogo wangu alisema. "Ni huyu. Anafikiria sana."

Nesi alicheka, kisha akaniona, akaacha. Alitoka akarudi na kipande kimoja cha barafu kwenye kikombe cha plastiki. Hiyo ndiyo njia ya kuwatuliza wagonjwa kiu: wanainyonya taratibu, kidogo kidogo, na inadumu kuliko maji. Aliniachia kikombe. Nilipogeuka, mdogo wangu alikuwa amelala, mdomo wazi, midomo imekauka hadi kupasuka.

Nilifikiria kumwamsha. Usiku alikuwa hajalala, nilimsikia kupitia ukutani akigeuka. Usingizi ule ulikuwa wa kwanza. Lakini barafu nayo ilikuwa ya kwanza, na ni moja. Nikafikiria labda ataamka mwenyewe. Nikafikiria nitafute nesi nimwulize kama kuna friji, lakini kama ningeondoka na mashine ingelia nani angekuwepo? Nilikishika kikombe kwa ncha za vidole ili mkono wangu usikipashe joto. Kipande kilipungua kikawa kama kokwa, kisha kama punje ya mahindi.

Alipofungua macho nilimpa kikombe. Aliangalia ndani, akanywa yote mara moja.

"Ungeniamsha tu," alisema.